Mama Balozi na Orodha ya Majina

Mwenye mtoto aliyesoma hadi akapata kazi ya kukaa meza moja na wakubwa, haya yanamhusu. Asije akasema hakuambiwa.

Mama Balozi alikuwa fundi wa nguo za kike. Chumba chake cha kazi kilitazama barabara, kina vyerehani viwili vilivyowekwa uso kwa uso, na katikati meza ya kukatia yenye rula ya mbao, chaki na mkasi mkubwa. Cherehani kimoja kilikuwa chake, cha pili cha Mama Honi. Miaka kumi na tisa walikuwa wamekaa hivyo, wakitazamana kutwa, hata ikawa mmoja akimeza mate mwenzake anajua amemeza na nini. Mama Balozi alikuwa mkubwa kwa miaka mitatu, kwa hiyo aliitwa dada, naye akimwita mwenzake mdogo wangu. Damu hawakuchangia, ila uzi.

Binti yake hakuwa balozi. Lile lilikuwa jina la utani alilopewa na mtaa angali mdogo, kwa sababu watoto wakigombania kamba ya kuruka yeye alikuwa anamsikiliza huyu, anamsikiliza yule, kisha anatoa uamuzi ambao haumfurahishi mtu lakini ngumi zinakoma. Alipokua akasoma sheria, akaingia wizara ya mambo ya nje, watu wakasema jina huumba. Sasa alikuwa katika mji wa mbali ambako nchi zote hukutana kuzungumza, na dawati lake lilikuwa la haki za binadamu.

Mama yake hakuielewa vizuri ile kazi. Siku moja alimwuliza kwenye simu, "Hivi wewe ukiamka asubuhi unafanya nini hasa?"

"Nagombania maneno, mama. Sisi tunataka karatasi iseme tunalaani. Wenzetu wanataka iseme tumesikitishwa. Tunakaa hapo tangu asubuhi mpaka miguu inakufa ganzi. Mwisho tunaandika tuna wasiwasi mkubwa."

"Na huo wasiwasi mkubwa unamtoa mtu jela?"

"Mara nyingine. Ukiliondoa hilo neno mkubwa, hautoi mtu."

"Basi mimi ningekuwa nimefungua magereza yote. Wasiwasi wangu ni mkubwa tangu siku nilipokuzaa."

Wakacheka wote wawili. Wakati huo walikuwa wanacheka.

Honi alikuwa mtoto wa pekee wa Mama Honi. Naye hilo halikuwa jina lake la cheti. Aliitwa hivyo kwa sababu akizungumza uwani, watu wa barabarani wanasogea pembeni. Alikuwa dereva wa lori, anapeleka saruji nchi jirani. Yeye na Balozi walikua pamoja kama kidole na kucha, na sufuria ya nyumba hii na ya nyumba ile hawakujua tofauti yake. Kule nchi jirani madereva walikuwa wanapigwa kwenye vizuizi vya barabarani, wanavuliwa viatu, wanakalishwa juani. Honi akawakusanya wenzake, wakaegesha malori siku tatu, barabara ikafungika. Siku ya nne walimchukua. Hakusomewa shitaka wala hakufikishwa mahakamani. Ikawa mwezi mmoja, ikawa saba.

Mama Honi akawa anakata vitambaa bila kusema. Picha ya mwanawe aliibandika ukutani juu ya cherehani chake, na kila akiinua macho kubadilisha uzi alikuwa anaitazama kwanza.

Mchana mmoja Balozi alipiga simu. "Mama, toka hapo ulipo. Nenda mahali pasipo na mtu."

Mama Balozi akaenda nyuma ya tangi la maji. Mwanawe akamweleza polepole, kama mtu anayesoma maelezo ya dawa. Mfungwa kama Honi, alisema, anaweza kutetewa kwa namna mbili. Ipo ya sauti: jina linatajwa mkutanoni, magazeti yanaandika. Na ipo ya kimya: orodha ya majina inatiwa mkononi mwa upande wa pili, mtu kwa mtu, hakuna mwandishi wa habari, kisha wale wanawaachia watu wao na kutangaza kwamba ni huruma yao wenyewe.

"Wanataka waonekane wamehurumia, mama, wasionekane wameshurutishwa. Siku wakionekana wameshurutishwa wanafunga mlango na funguo wanameza. Kuna orodha ya majina kumi na moja. Nataka Honi awe ndani. Lakini jina haliingii bila ridhaa ya familia, kwa maandishi. Kawaida anatumwa mtu wa ofisi, na huyo atachukua siku kumi kufika huko. Orodha inafungwa Ijumaa."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo nakutuma wewe. Sikupaswa. Kanuni hainiruhusu kumtumia mzazi wangu. Usiniangushe."

"Mimi nikuangushe? Nilikubeba miezi tisa sikukuangusha."

Fomu ilikuja kwenye simu, wakaichapisha kwenye duka la vifaa vya ofisi. Mama Honi aliisoma mara mbili huku kidole kikifuata mstari, halafu akaweka sahihi yake polepole, herufi kwa herufi. Akauliza, "Nisimwambie hata ndugu yangu wa tumbo moja?"

"Hata yeye."

"Madereva wenzake je? Kila wiki wananiuliza."

"Hao ndio usiwaambie kabisa."

"Haya. Nitakuwa najiambia mwenyewe."

Na kweli alijiambia mwenyewe. Wiki sita zilipita, hakuna aliyesikia neno. Wateja walimwona anatabasamu peke yake anapotia pindo, wakasema maskini, uchungu umeanza kumpanda kichwani. Yeye akawaacha waseme. Mwanamke ambaye mtoto wake ndiye aliyekuwa amefungwa aliweza kunyamaza wiki sita. Liweke hilo moyoni, wewe unayesoma.

Jumamosi moja wakaja watu wa harusi kupima magauni. Walikuwa wanawake sita, wasindikizaji wa bibi harusi, na mbele yao shangazi yake, aliyeitwa Bi Kamati. Hakuna kamati mtaani aliyokuwa hayumo: ya harusi, ya msiba, ya kusafisha mtaro. Alikuwa mtu ambaye hata mvua ikinyesha bila kumwarifu anaona amedharauliwa.

"Fundi, mkono huu umebana," alianza. "Au kitambaa kingine mmempelekea mtoto ughaibuni?"

"Kitambaa kipo, mkono ndio umenenepa," akajibu Mama Balozi, na watu wakacheka, hata mwenye mkono.

Ingekoma hapo ingekuwa heri. Lakini Bi Kamati aliinua macho akaiona picha ya Honi. Akatikisa kichwa. "Kijana wa watu. Miezi tisa sasa inakwenda. Na mtaa mzima tunajisifu tuna balozi."

Mama Balozi alikuwa anaandika vipimo kwenye daftari. Penseli ikasimama. "Mwanangu anafanya kazi yake, dada."

"Kazi gani? Nilimwona juzi kwenye picha, kakaa nyuma ya kibao na chupa ya maji. Eti haki za binadamu. Binadamu wa mlango wa pili anaoza, yeye anakunywa maji ya chupa."

Wakacheka. Si kwa ubaya, bali kama watu wanavyocheka wakiwa wengi na nguo mpya zikiwa mwilini.

Mama Honi alikuwa amepiga magoti sakafuni anaweka pindo la gauni la mwisho, pini nne amezibana midomoni kama mafundi wanavyofanya. Hakuweza kusema. Lakini aliinua uso akamtazama Mama Balozi, akatikisa kichwa polepole, kushoto, kulia. Usiseme.

Na Mama Balozi alimwona.

Angetaniwa yeye, angevumilia. Angeambiwa mshono wake mbovu, angevumilia. Lakini mtoto alikuwa amedharauliwa mbele ya watu saba, na mama akidharauliwa mtoto damu inatangulia, akili inafuata nyuma ikihema.

"Chekeni," akasema. "Mwezi huu hauishi kabla Honi hajasimama hapo mlangoni. Jina lake limeshapelekwa, mkono kwa mkono, na huyohuyo wa maji ya chupa. Lake na mengine kumi. Sasa chekeni vizuri."

Mama Honi akatoa pini mdomoni moja moja, akazichomeka kwenye kimto. "Dada yangu," akasema. Basi, hakuongeza.

Wale wanawake wakamvamia kwa furaha, wakamkumbatia na magauni yao yaliyojaa pini. Bi Kamati mwenyewe alifuta machozi na kuomba radhi. Kila mmoja akaambiwa asiseme, na kila mmoja akaapa.

Hakuna aliyekuwa na nia mbaya. Habari mbaya hutembea, ila njema hukimbia bila viatu. Mmoja wa wasindikizaji alikuwa mke wa dereva, na mumewe alikuwa amelala bila raha tangu Honi achukuliwe. Angemnyimaje? Jumatatu ujumbe ulikuwa kwenye simu za madereva wa pande zote mbili za mpaka: Habari njema kutoka kwenye cherehani cha mama yake Honi, jina limepelekwa, wako kumi na moja, mwezi huu wanatoka. Jumatano gazeti la kule likaandika kwamba serikali yao inapangiwa na wageni nani afungwe na nani aachwe. Alhamisi wakubwa wa kule wakasema hawajui orodha yoyote na hawatapokea yoyote.

Ijumaa Balozi akapiga simu. Sauti haikuwa ya mtoto, ilikuwa ya ofisi.

"Mama, nani amesema?"

Mama Balozi alikuwa ametoka nje na simu. Aliwaza mambo mengi kwa mara moja. Aliwaza lile neno, sikupaswa. Aliwaza kwamba mwanawe alikuwa anafikiriwa kupewa ukuu wa dawati, na mbele yake kuna watoto wa watu wakubwa wanaosubiri ateleze. Ikijulikana kwamba siri ilitoka kinywani mwa mama yake mzazi, ambaye hakupaswa hata kuijua, ataishia wapi?

"Mama, unanisikia? Ujumbe unasema umetoka kwenye cherehani cha mama yake Honi."

"Uchungu wa mwana, Balozi," akajibu. "Usimlaumu mtu. Uchungu wa mwana ukipata furaha kidogo unamwagika."

"Ni mama mdogo aliyesema?"

"Mimi sijataja mtu. Nasema tu uchungu wa mwana."

Uongo wa namna hiyo ni mbaya kuliko ule wa wazi. Ule wa wazi una mpini, mtu anaweza kuushika akauvuta. Huu hauna pa kushika.

Balozi akavuta pumzi. "Haya. Sitamgombeza."

"Wala usimpigie. Ana aibu."

Huo ulikuwa wa pili, na huo ulikuwa na mpini, lakini hakuna aliyeuona.

Mama Honi hakumgombeza mwenzake hata kidogo. Alishona siku nzima, jioni akafunika cherehani, ndipo akauliza, "Umemwambia mtoto?"

"Nimemwambia."

"Umemwambia ni wewe?"

"Yote."

"Amesemaje?"

"Tungoje."

"Basi tungoje," akasema Mama Honi, akachukua mkoba wake. Alimwamini. Miaka kumi na tisa unamtazama mtu usoni, usipomwamini huyo utamwamini nani?

Wakangoja miezi mitatu. Balozi hakulala kule alikokuwa. Alizungusha maneno, akatuma watu, akapeleka barua zisizo na anwani ya mtumaji, mpaka upande wa pili wakakubali tena kupokea karatasi, ya mara ya mwisho, na safari hii ukitoka upepo tu wasisikie tena habari ya urafiki.

Jumapili alimpigia mama yake, na alikuwa analia.

"Jina la Honi halimo, mama. Nimelitoa kwa mkono wangu."

"Kwa nini?"

"Kila jina lina faili, na kila faili lina kikaratasi kinachoeleza hali ya familia. La Honi limeandikwa familia haitunzi siri. Niliandika mimi, ile Ijumaa, maana niliulizwa na nilitakiwa kujibu. Sasa mkuu wangu anasema hatuwezi kuhatarisha watu kumi kwa ajili ya mmoja. Nimebishana siku mbili. Kama angekuwa amesema mtu mwingine, mtu wa nje, ningelirudisha leo hii. Lakini familia yenyewe ikishasema, hakuna anayekubali."

"Orodha inafungwa lini?"

"Jumatano."

Mama Balozi alikata simu nyuma ya tangi, akarudi ndani, akakaa kwenye kiti cha wateja. Mbele yake, upande wa pili wa meza, Mama Honi alikuwa anapachika zipu na kuimba kidogo puani, kwa kuwa Jumapili walikuwa na kazi ya haraka. Neno moja tu lilihitajika. Ni mimi. Hata mtoto wa chekechea analiweza.

Hakulisema.

Jumatatu asubuhi aliishika simu, akaitazama, akaiweka chini ya vitambaa kama kitu kilichoibwa. Alijiambia atasema mchana. Mchana alijiambia, kwani wakijua si familia, watamwuliza Balozi ulijuaje, na kwa nini ulimtuma mama yako, na wewe ulimwandikia uongo mkuu wako? Jumanne Balozi alipiga mwenyewe. Sauti yake ilikuwa imechoka lakini ina kitu kama nuru. "Mama, wamenipa dawati. Kuanzia mwezi ujao mimi ndiye mkuu."

Angesema nini? Alisema hongera. Alisema Mungu mkubwa. Na alipokata simu, alijiambia kwamba mtoto wa mwenzake atapata orodha nyingine, bali dawati halipatikani mara mbili.

Mama wenzangu hapo ndipo wengi wetu tungeanguka, tusidanganyane. Mtoto wako ukimweka kwenye mizani, upande wa pili hata uweke mlima unaonekana mwepesi.

Jumatano ikapita kama siku yoyote. Mchana umeme ulikatika, ukarudi.

Baada ya wiki mbili redio ilitangaza kwamba nchi jirani, kwa huruma yake, imewaachia wafungwa kumi. Mtangazaji akaanza kuwasoma. Mama Honi alisimamisha mguu kwenye kanyagio. Alisikiliza la kwanza, la pili, mpaka la kumi, mkasi mkononi. Redio ikaenda kwenye habari za michezo.

"Labda wameruka moja," akasema. "Wasomaji wa siku hizi wana haraka."

Mama Balozi alikuwa ameinamia mashine anatunga uzi kwenye sindano. Uzi haukuingia. Alijaribu mpaka ukachanua ncha kama ufagio.

Mwezi haukupita. Honi alifia hospitali ya gereza, kifua, walisema, baridi ya sakafu. Wenzake ndio waliomrudisha, malori tisa yakafuatana tangu mpakani hadi mtaani, na hakuna lililopiga honi.

Balozi alikuja kuzika. Alikuwa amekonda, nywele amezibana nyuma kama mwanafunzi. Siku mbili alikaa na wanawake, akiosha vyombo nao, hataki kutengewa kiti. Siku ya tatu, watu walipopungua, aliingia chumba cha ndani akakaa karibu na Mama Honi kitandani. Mama Balozi alikuwa anakuja na sinia la chai. Mlango ulikuwa wazi nusu.

"Mama mdogo," alisema Balozi, "nimekuja na neno ambalo lazima nilitoe kabla sijaondoka. Yale maneno, usijilaumu kwa ajili yake. Mzazi yeyote angesema. Ni mimi niliyepaswa kupigana zaidi."

"Maneno gani, mwanangu?"

"Ya orodha. Yaliyofika kwa madereva."

Mama Honi alimtazama. Macho yalikuwa yamevimba lakini hayakuwa na machozi wakati ule. "Mimi? Mimi sikusema kitu. Ndugu yangu wa tumbo moja sikumwambia. Siku furaha iliponizidi niliingia bafuni nikaisemea ndoo. Wewe uliambiwa ni mimi?"

Hakuna kati yao aliyegeuka kutazama mlango. Vikombe kwenye sinia vilikuwa vinagongana, ikatosha.

"Uliniambia umemwambia yote," akasema Mama Honi, bado anatazama mbele.

"Nilikuwa namlinda mtoto," akasema Mama Balozi.

"Mtoto yupi?"

Akamgeukia Balozi. "Na mwanangu aliachwa kwa sababu ya mdomo wangu mimi? Ndivyo mlivyoandika?"

Balozi angeweza kuzunguka. Maneno ya kuzunguka ndiyo kazi yake, anayo gunia zima. Akasema, "Ndiyo, mama mdogo."

Mama Honi akatikisa kichwa kwa kuelewa, kama mtu aliyeonyeshwa wapi mshono ulipofumuka. "Weka chai hapo, dada," akasema. "La kwanza nilikusamehe siku ileile, pini ziko bado mdomoni. Hili la pili sijui nitaliweka wapi. Nenda nyumbani."

Mama Balozi akaenda.

Balozi alimfuata baadaye kidogo. Hakupiga kelele, na mama yake aliomba moyoni apige. Alisogeza vitambaa kwenye meza ya kukatia, akatoa karatasi na kalamu kwenye mkoba, akavuta kiti.

"Kaa, mama. Anza mwanzo."

"Unaandika nini?"

"Taarifa. Naipeleka ofisini."

"Watakufukuza."

"Huenda."

"Basi usiandike. Mwenyewe amekwisha kufa, kuandika hakumfufui. Tumpoteze mmoja, tusipoteze wawili."

Balozi aliinua uso. "Kwenye faili lake imeandikwa mama yake ndiye aliyemponza. Hilo faili litakaa kabatini miaka mia, mimi na wewe tumeoza. Atakuja mtu asome, aamini. Mwili siwezi kuurudisha, mama. Hiyo naweza kuifuta. Siku gani ilikuwa?"

"Jumamosi."

"Nani alikuwepo?"

Akawataja. Mwanawe aliandika kwa herufi safi, bila haraka, kama alivyokuwa akiandika maneno ya watu asiowajua, wakimbizi, wajane wa wafungwa, watu waliokuja kwake wakitetemeka.

"Bi Kamati alinichokoza, akasema wewe..."

"Hilo sijauliza. Ulisema nini wewe? Neno kwa neno."

Akasema neno kwa neno. Jua likahama kutoka dirisha la kwanza hadi la pili. Walifika kwenye simu ya Ijumaa, wakafika kwenye ile Jumapili, Jumatatu, Jumanne, Jumatano, na hapo Mama Balozi alitaka maji, akapewa, akaendelea. Alipomaliza, Balozi akamsomea yote toka juu. Lilikuwa jambo gumu kujisikia mtu anavyosomwa. Mle ndani hakuwa mama, alikuwa mtu aliyekabidhiwa siri.

"Kuna neno ungependa libadilishwe?"

"Lipo," akasema Mama Balozi. "Umeandika huenda sikumwona vizuri mama yake Honi akinikataza."

Balozi alikuwa ameiweka hiyo huenda mwenyewe, bila kuombwa.

"Nilimwona, mwanangu. Andika nilimwona."

Akaikata ile huenda kwa mstari mmoja, akaandika juu yake.

Hawakumfukuza. Walimtoa kwenye dawati, wakampeleka kwenye kitengo kinachopanga viti na bendera mikutanoni, nani akae karibu na nani, na huko yuko hadi leo. Kikaratasi kwenye faili la Honi kilibadilishwa, nakala akatumiwa Mama Honi kwa posta, naye akaipokea akaitia kwenye mkoba wake bila kumwonyesha mtu. Cherehani chake alikihamishia nyumbani kwa ndugu yake. Akipita barabarani humsalimu Mama Balozi. Kila siku humsalimu, dada hujambo, dada za kazi, na miguu haisimami.

Balozi hupiga simu Jumapili. Huuliza presha, huuliza mvua, huuliza kama dawa zipo. Mama yake humjibu yote, kisha huuliza, "Na kazi?"

"Ipo, mama," husema Balozi, na baada ya hapo huwa hawana lingine.